Mkataba wa Mwambao Usomwe kwa Kiswahili

Mtu azungukaye maduka ya vitabu ya katikati ya jiji la Nairobi, kisha akapanda matatu hadi Westlands na kuingia katika ya huko, hatakosa kushangaa. Vitabu vya siasa ya Kenya vimejaa tele: tawasifu za waliostaafu, sifa za marais na lawama zao. Lakini vinavyoeleza harakati za sehemu zilizotaka kujitenga au kujitawala ni haba, tena hutupwa rafu ya mbali, kana kwamba mambo hayo hayakuihusu siasa ya taifa.

Mimi nimevisaka kwa miaka mingi. Kitabu cha Ahmed Idha Salim kuhusu Waswahili wa pwani ya Kenya, tangu 1895 hadi 1965, kilichapishwa papa hapa Nairobi mwaka 1973. Nakala yangu niliinunua kando ya barabara, karibu na Mtaa wa Tom Mboya, majani yakiwa yameshaachana. Kimeandikwa kwa Kiingereza. Sijakutana na cha Kiswahili kinachoieleza habari hiyo kwa kina, ilhali wenye habari yenyewe ndio wenye lugha!

Madhara yake si madogo. Miaka michache kabla ya 2013, nilimsikia kijana mmoja akiapa, ndani ya matatu ya Kangemi, kwamba Kenyatta aliukodisha Mwambao kwa Sultani kwa miaka hamsini tu, na muda ulikuwa ukikaribia kwisha. Tetesi za namna hiyo zilikuwa zimeenea pwani, na Baraza la Mombasa Republican likapata wafuasi kwa kauli ya kwamba Pwani si Kenya. Serikali ililipiga marufuku mwaka 2010. Mahakama Kuu ya Mombasa ikaliondolea marufuku hiyo Julai 2012. Usiku wa kuamkia uchaguzi wa Machi 4, 2013, askari polisi waliuawa pwani. Baraza lilishukiwa, nalo likakana.

Mkataba wenyewe hauna muda huo. Waliokodi mwambao wa maili kumi mwaka 1895 ni Waingereza. Tarehe 8 Oktoba 1963, huko London, Sultani aliachilia mamlaka yake moja kwa moja, ili eneo hilo liwe sehemu ya Kenya siku ya uhuru. Katika barua walizoandikiana, Jomo Kenyatta alimwahidi Mohamed Shamte, Waziri Mkuu wa Zanzibar, kwamba uhuru wa kuabudu, mahakama za kadhi na hati za kumiliki ardhi vitaheshimiwa. Mpwani mwenye barua hizo mkononi angeacha kuhesabu miaka, akaanza kuuliza ahadi ya ardhi imetimizwaje. Hilo, kwa maoni yangu, ndilo swali zito zaidi, na pengine ndilo linalowafaa wakubwa lisiulizwe.

Siasa ya taifa nayo imo humo tele. Ronald Ngala, kiongozi wa KADU na mzaliwa wa pwani, aliupigania mfumo wa majimbo lakini akapinga Mwambao kujitenga. Leo huko Kawangware watu hubishana kuhusu ugatuzi na majimbo hadi usiku, bila kujua hata kwamba Ngala aliyatenganisha mambo hayo mawili.

Kaskazini hali ni mbaya zaidi. Tume iliyozuru huko mwaka 1962 ilikuta Wasomali walio wengi wakitaka kuungana na Somalia. Vita vya shifta vikafuata hadi 1967. Kitabu cha Hannah Whittaker kuhusu vita hivyo kilichapishwa Leiden, Uholanzi. Kibarua wa Dagoretti atakipatia wapi?

Wachapishaji, ambao baadhi yao wana ofisi Westlands, watanijibu kwamba soko ni la vitabu vya shule. Sawa, lakini mkataba wa 1963 na barua zake ni kurasa chache. Mfasiri hodari angezimaliza kwa muda mfupi, na kijitabu chake kikauzwa pale vituo vya matatu pamoja na magazeti. Ripoti ya James Robertson ya 1961, iliyopendekeza Mwambao uunganishwe na Kenya, ingefuata baadaye.