Mkulima wa Mutomo aliyeshika kamera

KWA miaka mingi ukame wa Ukambani umepigwa picha na wageni. Gari huwasili asubuhi, kamera ikaelekezwa kwenye mzoga wa ng'ombe au mtungi mtupu, na kabla ya jua kutua wapiga picha wameshika njia ya kurudi Nairobi. Kwa Kisilu Musya, mkulima wa Mutomo, Kitui, mambo yalikuwa tofauti: kamera ilibaki naye.

Filamu ya Thank You for the Rain, iliyotolewa mwaka 2017, ni tunda la miaka mitano ya kazi hiyo. Mwelekezi Julia Dahr kutoka Norway alipiga sehemu yake. Kisilu alipiga nyingine nyumbani, shambani na kijijini, akizungumza na kamera kama mtu anayeandika shajara.

Ufundi wake hautokani na taa wala vyombo vya bei ghali, bali na kuwepo. Kitui na jirani yake Makueni, ng'ambo ya mto Athi, hutegemea mvua za Oktoba hadi Desemba kuliko zile za Machi hadi Mei. Zikikosekana, au zikija kwa kishindo na kuzoa udongo, chakula cha mwaka kimekwenda. Msiba wa namna hiyo haupigwi picha kwa siku moja. Sharti mtu awepo mbegu inapotiwa, mche unaposinyaa, na upepo unapovuma usiku. Dhoruba kali ilipoikumba familia yake, mshika kamera alikuwa pia baba na mwenye boma, na hakuna chuo cha filamu kinachofundisha lini mtu aiweke kamera chini akaokoe watoto.

Kenya imewahi kutoa bingwa wa picha za njaa. Mohamed Amin, mzawa wa Nairobi wa familia yenye asili ya Punjab, alipiga picha za Korem, Ethiopia, zilizoutikisa ulimwengu mnamo Oktoba 1984. Aliaga dunia mwaka 1996 ndege iliyotekwa nyara ilipoanguka baharini karibu na Comoro. Ustadi wake haupingiki, ila wenye njaa wa Korem walibaki kutazamwa tu. Mutomo, mwenye shamba ndiye aliyeamua kipi kitazamwe, naye hakuchagua mizoga pekee. Alichagua pia miti inayopandwa na majirani wanaoshawishiwa kujiunga na vikundi vya wakulima.

Hakuficha gharama, na pengine hapo ndipo filamu inapopata nguvu zake. Kila alipotoka kuhamasisha wenzake, kazi za shamba na watoto zilimwangukia mkewe, naye hakulinyamazia jambo hilo.

Mnamo Desemba 2015 Kisilu alifika Paris, kwenye mkutano wa Umoja wa Mataifa kuhusu tabianchi. Alikwenda na matumaini makubwa. Filamu inamwonyesha pia akiwa amevunjika moyo, mbali na shamba alilokuja kulisemea.