Kristo wa Dresden: Wachoraji wa Ulaya wa Karne ya 19 na Picha za Kuta Zetu

Katika sebule nyingi za Wakristo wa nchi yetu, na katika ofisi za sharika si chache, hutundikwa picha ya Bwana Yesu akiomba Gethsemane. Amepiga magoti kando ya mwamba, mikono ameifumbata juu yake, uso ameuinua, na nuru yamwangukia kutoka mawinguni. Wachache hujiuliza picha hiyo ilitoka wapi. Wengine hudhani ni ya kale mno. Wengine, hasa watoto wa Shule ya Jumapili, huamini kwamba ndiyo sura yake hasa. Makala hii yakusudia kueleza asili ya picha hiyo na ya nyingine chache za ukoo wake, kwa kuwa mchungaji asiyejua ni nani aliyechora picha iliyo nyuma ya kiti chake hawezi kumjibu anayeuliza.

Na mahali pengine swali hilo haliepukiki. Tuchukue mfano wa Baleni, kisiwani Mafia, penye minazi na wavuvi, ambako walio wengi ni Waislamu. Mtoto wa huko humjua Isa bin Mariamu tangu chuoni, kwa kusikia na kusoma, bila kuona sura yake imechorwa popote. Mwinjilisti akipanga chumba Baleni na kutundika Gethsemane yake ukutani, mzee wa jirani atakayekuja kumjulia hali ataitazama, kisha atauliza kwa adabu: “Mwalimu, ni nani aliyemwona Nabii Isa hata akamchora hivi?” Hilo si swali la ubishi. Ni swali la ushahidi, nalo lastahili jibu la kweli.

Jibu la kweli ni kwamba mchoraji hakumwona. Injili zote nne hazisemi neno juu ya rangi ya ngozi ya Yesu, wala kimo chake, wala nywele zake. Picha ile ni kazi ya Heinrich Hofmann, aliyezaliwa Darmstadt mwaka 1824, akawa profesa katika Chuo cha Sanaa mjini Dresden, akafariki mwaka 1911. Aliichora mwaka 1886. Picha yenyewe ilinunuliwa baadaye na tajiri Mmarekani, John D. Rockefeller Mdogo, nayo iko katika kanisa la Riverside, New York. Zilizoko kwetu ni nakala zilizopigwa chapa, au nakala za nakala, maana katika karne ya 20 Warner Sallman wa Chicago naye alichora Gethsemane yake kwa kuifuata ile ya Hofmann.

Mji wa Dresden si mgeni katika historia ya Kanisa letu. Chama cha Misioni kilichokuja Kilimanjaro mwaka 1893 kilianzishwa Dresden mwaka 1836, kikahamia Leipzig mwaka 1848. Bruno Gutmann, ambaye kila mwanafunzi wa theolojia hapa nchini humsoma, alizaliwa Dresden mwaka 1876. Katika mji huohuo alifariki, mwaka 1872, Julius Schnorr von Carolsfeld, mzaliwa wa Leipzig, aliyeifasiri Biblia kwa picha 240 zilizochongwa katika mbao na kukamilika mwaka 1860. Si ajabu basi kwamba uso wa Kristo tuliouzoea ni uso uliozoeleka Saksonia.

Tuiweke sasa picha ya Hofmann kando ya Maandiko. Mathayo (26:39) asema Yesu alianguka kifudifudi. Marko (14:35) asema alianguka chini. Luka peke yake (22:41) ndiye asemaye kwamba alipiga magoti, na Hofmann amemchagua Luka. Lakini hata Luka hakumfuata hadi mwisho. Malaika wa 22:43 hayupo, ila nuru tu. Jasho lililokuwa kama matone ya damu, la mstari wa 44, halipo pia. (Wanafunzi watakumbuka kwamba mistari hiyo miwili haimo katika baadhi ya hati za kale, sidhani kwamba hilo ndilo lililomzuia mchoraji.) Fadhaa na huzuni anazozitaja Marko katika 14:33 hazionekani usoni. Nguo haina vumbi. Yesu wa Marko yungali anaomba kikombe kimwondokee. Yesu wa Hofmann amekwisha kukubali, nasi twamwona katika utulivu wa baada ya vita.

Hayo yote si kosa, bali ni ufafanuzi. Hofmann amehubiri, na mahubiri yake yamewafariji wagonjwa wengi vitandani. Lakini ni nusu ya habari, na mhubiri wa Ijumaa Kuu anayeitegemea picha hiyo kuliko Marko atajikuta akihubiri Gethsemane isiyo na hofu.

Wengine wa karne hiyo walijaribu njia nyingine. Mwingereza William Holman Hunt alisafiri hadi Palestina mwaka 1854 ili amchore yule mbuzi wa Mambo ya Walawi 16 kando ya Bahari ya Chumvi yenyewe, akidhani kwamba ukweli wa mahali utaleta ukweli wa imani. Hata hivyo picha yake ipendwayo kuliko zote, ile ya Kristo mwenye taa akibisha mlango uliosongwa na magugu (Ufunuo 3:20), aliikamilisha mwaka 1853, kabla hajaiona Palestina. Mlango ule hauna kitasa upande wa nje, na jambo hilo moja limezaa mahubiri yasiyohesabika.

Walutheri wawili wanatuhusu zaidi. Eduard von Gebhardt, mwana wa mchungaji, aliyezaliwa Estonia mwaka 1838, aliwachora watu wa Biblia kwa nyuso za Wajerumani, akawavika mavazi ya siku za Matengenezo. Fritz von Uhde, mwana wa Saksonia (1848–1911), alikwenda mbali kuliko yeye. Mwaka 1885 alichora chumba cha maskini wa siku zake mwenyewe: meza, bakuli, jamaa wamesimama tayari kula, na Yesu ameingia akiwa amevaa kanzu ndefu, naye baba wa nyumba anamkaribisha. Jina la picha ni maneno ya ile sala fupi ya mezani ya Walutheri wa Ujerumani, inayomwomba Bwana awe mgeni. Picha hiyo imehifadhiwa Berlin. Wakosoaji wengi walimshutumu Uhde kwamba anatukuza ubaya na umaskini. Kwa maoni yangu, hakuna picha ya karne ile iliyoielewa Injili ya Luka vizuri kuliko hiyo.

Hapa yafaa tuseme wazi. Mchungaji anayekataa Kristo mwenye uso wa Kiafrika kwa hoja kwamba “si historia”, huku ameketi chini ya Kristo wa Hofmann, hajaitazama picha yake mwenyewe. Elimo Njau, aliyezaliwa Marangu mwaka 1932 katika nyumba ya Kilutheri, mwana wa mwalimu Filipo Njau, alifanya sawa na Uhde alipochora kuta za kanisa la Kianglikana la Mtakatifu Yakobo, Murang’a, Kenya, katika miaka ya 1950. Kristo wake ni Mwafrika, na nchi anamozaliwa ni nchi ya Wakikuyu. Kanisa lile lilijengwa kuwakumbuka Wakristo waliouawa siku za Mau Mau, kwa hiyo msalaba uliochorwa pale haukuwa habari ya mbali.

Lakini Njau hawezi kumwokoa mwinjilisti wetu wa Baleni. Mzee aliyeuliza hakuuliza juu ya ngozi. Aliuliza juu ya kuchora. Akitundikiwa Kristo Mwafrika atauliza swali lilelile, na pengine atataja Kutoka 20:4. Mwinjilisti aliyelelewa katika Katekisimo Ndogo atababaika, kwa kuwa hesabu yetu ya Amri Kumi hailiweki katazo la sanamu kuwa amri peke yake, bali huliona ndani ya amri ya kwanza. Luther alipotoka Wartburg na kuhubiri Wittenberg Machi 1522, aliwakemea waliovunja sanamu kwa nguvu, lakini hakuzitetea kama kitu cha lazima. Alifundisha kwamba ni jambo la uhuru. Mwaka 1525 aliongeza kwamba asikiaye habari za mateso ya Kristo hawezi kuzuia sura ya mtu aliyesulibiwa isijichore moyoni mwake. Na uhuru, kama Paulo aonyeshavyo katika 1 Wakorintho 8, hupimwa kwa dhamiri ya jirani.

Kwa hiyo ningemshauri mwinjilisti huyo aiondoe picha katika chumba cha ibada, asiwape majirani sababu ya kudhani kwamba Wakristo huisujudia karatasi. Asiichome wala kuificha. Aihamishie chumba cha mafundisho ya Kipaimara, aweke kando yake ile ya Uhde na ile ya Njau akizipata, awasomee watoto Marko 14, kisha awaulize kila mchoraji ameacha nini. Na chini ya kila moja aandike jina la mchoraji, mji na mwaka, kwa herufi kubwa ambazo hata mgeni aliyesimama mlangoni aweza kuzisoma.