Kesi ya bifu ikitupwa, uliza imetupwa vipi

Wacha tuseme wewe na beshte yako mlifungua kibanda cha kuuza vifaa vya simu. Maneno yakaingia, mkaachana, akabaki na elfu themanini zako. Umeomba mpaka umechoka, simu hapokei tena. Mwishowe ukaenda Mahakama ya Madai Madogo, ile inayosikiza madai yasiyozidi Sh1 milioni na inayotakiwa kuamua ndani ya siku 60. Wiki moja baadaye unapigiwa na afisa wa polisi: njoo stesheni, kuna mtu ameripoti kwamba ulimpiga mwaka jana.

Ghafla wewe uliyekuwa unadai ndiwe unatafutiwa dhamana. Na si mabeshte wa biashara tu. Ni landilodi na mpangaji, ni majirani wanaogombania mpaka, ni ndugu waliozika mzazi juzi na leo wanavutana kuhusu shamba. Mapenzi yaliyovunjika nayo, hayo sitasema mengi.

Sikusomea sheria, na hata nilichosomea sikumaliza, lakini hii sehemu inasomeka. Kwanza, achana na ile stori ya mtaani kwamba mkiwa na kesi ya madai, ya jinai haiwezi kuendelea. Kifungu cha 193A cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai kinasema wazi: jambo kuwa kwenye kesi zote mbili si sababu ya kusimamisha ile ya jinai. Kama kweli ulimvunja mtu jino, deni lake kwako halikuokoi.

Mahakama huingilia kati pale inapoona polisi wamegeuzwa fimbo. Kifungu cha 157 cha Katiba kinamtaka DPP azingatie maslahi ya umma na kuzuia sheria kutumiwa vibaya. Mwaka wa 2013, katika kesi ya Kamishna wa Polisi dhidi ya benki ya KCB, Mahakama ya Rufaa ilikubali kwamba polisi wana mamlaka ya kuchunguza, lakini ikakataa yatumike kumsukuma mtu katika mzozo wa kiraia ambao tayari uko kortini.

Sasa jaji atajuaje? Anza na tarehe. Kama anadai alipigwa Januari, halafu akaingia kwenye OB Novemba, siku mbili baada ya kupokea samansi zako, hapo maswali lazima yaulizwe. Fomu ya P3 ilijazwa lini? Mashahidi ni kina nani, ama wote ni binamu zake?

Lakini kuchelewa peke yake si ushahidi wa uongo. Kuna watu hukaa na kipigo miezi mingi kwa sababu anayewapiga ndiye analipa kodi ya nyumba. Hapa ndipo hizi ripoti za kulipiza kisasi huniudhi. Afisa akishadanganywa mara tatu, wa nne mwenye alama za kweli shingoni ataambiwa aende nyumbani wakaelewane.

Turudi kwako. Ukiambiwa kesi imetupwa, usianze kununulia watu soda. Uliza imetupwa kwa kifungu gani. Kiongozi wa mashtaka akiiondoa chini ya 87(a) kabla hujaitwa kujitetea, unaachiliwa, ndio, lakini unaweza kushtakiwa tena kwa mambo yaleyale. Mlalamishi mwenyewe akiiondoa chini ya 204, kwa ruhusa ya mahakama, hapo umeondolewa hatia. Vilevile hakimu akiona chini ya 210 kwamba huna kesi ya kujibu.

Na yeye aliyekusingizia? Kumpa afisa wa umma habari unazojua ni za uongo ni kosa chini ya kifungu cha 129 cha Kanuni ya Adhabu, kifungo hadi miaka mitatu. Unaweza pia kudai fidia kwa kushtakiwa kwa nia mbaya, ila kuachiliwa tu hakutoshi: lazima uonyeshe hakukuwa na sababu ya maana ya kukushtaki, na kwamba kulikuwa na chuki. Ukitaka kuishtaki serikali pamoja naye, una miezi 12. Kwa hivyo siku hiyohiyo kesi inapoisha, kabla hujatoka kwa geti ya korti, pitia rejista uombe nakala ya uamuzi. Hiyo karatasi huchukua muda kutoka, na miezi yako tayari inahesabiwa.