Yungiyungi: Ua la Maji Baridi Katika Nchi ya Maji Chumvi

Mkazi wa Mbuchi hahitaji kufundishwa tofauti ya maji baridi na maji chumvi. Maji bamvu yanapopanda, chumvi huingia katika vijito vya delta. Mvua za masika zinapoujaza Mto Rufiji, maji baridi huisukuma kurudi baharini. Mpunga, visima na samaki hufuata mwendo huo. Yungiyungi nalo huufuata. Ua hili la majini, lenye majani mapana yaliyolala juu ya maji, halistahimili chumvi. Hata hivyo, kuwapo kwake si ushahidi kwamba maji yanafaa kunywewa. Maji ya kunywa sharti yachemshwe au yatibiwe.

Katika nchi yetu zipo aina zinazofahamika zaidi mbili. Ya kwanza ina maua ya buluu, nayo huchanua mchana. Ya pili ina maua meupe, ambayo hufunguka jioni na kufumba asubuhi ya siku inayofuata. Mwaka 1877 mtaalamu wa mimea wa Ujerumani, Robert Caspary, aliliandika kitaalamu yungiyungi la buluu la Zanzibar, na baadaye ua hilo likatumika kuzalisha aina za bustani Ulaya na Marekani. Hivyo mmea ambao wengi wetu huupita bila kuutazama umesafiri mbali.

Anayetaka kulipanda nyumbani, shuleni au katika zahanati achague mahali panapopata jua kwa saa sita au zaidi kwa siku. Beseni pana, pipa lililokatwa nusu au bwawa dogo la saruji hufaa. Bwawa jipya la saruji lijazwe maji na kumwagwa mara kadhaa kwanza, ili ukali wa saruji upungue. Maji bora ni ya mvua yaliyokingwa kwenye paa. Maji ya kisima yenye ladha ya chumvi yasitumike.

Udongo uwe mzito, wa mfinyanzi. Samadi mbichi na mboji huoza majini na kuleta harufu, hivyo ziepukwe. Kiazi cha yungiyungi kifukiwe, lakini chipukizi libaki juu ya udongo, kisha utandazwe mchanga kidogo ili udongo usitibuke. Maji yaanze na kina cha sentimita 15 juu ya udongo, na yaongezwe kadiri majani yanavyorefuka, hadi sentimita 30 au 60. Maji yawe yametulia. Majani ya manjano na maua yaliyonyauka yakatwe kila wiki. Mbolea ya dukani, ikihitajika, iwe kidogo na ichomekwe ndani ya udongo; ikiyeyuka majini, maji hugeuka kijani.

Uzuri huu una masharti, na la kwanza ni afya. Maji yaliyotulia ni mazalio ya mbu, na yai la mbu linaweza kuwa mbu kamili ndani ya siku 7 hadi 14. Bwawa la maua lisilotunzwa linaweza kuleta malaria katika nyumba ileile lililokusudiwa kuipamba. Wekeni perege wadogo wanaokula viluwiluwi vya mbu, kagueni maji kila wiki, na msiruhusu majani yafunike zaidi ya nusu ya uso wa maji. Asiyeweza kufanya hivyo ni heri asichimbe bwawa.

Sharti la pili ni usalama. Mtu asiingie mtoni wala ziwani kuchimba viazi vya yungiyungi. Mamba wa Rufiji hawaonekani chini ya majani hayo, na hakuna ua lenye thamani ya mguu wa mtoto. Mbegu ichukuliwe kwa jirani mwenye bwawa. Bwawa la nyumbani nalo lizungushiwe uzio, kwa kuwa mtoto mchanga huweza kuzama katika maji machache sana.

Sharti la tatu ni kutochanganya mimea. Gugu maji, lililotoka Amerika ya Kusini na kuvamia Ziwa Victoria mwishoni mwa miaka ya 1980, nalo lina ua la kupendeza la zambarau. Lakini majani yake husimama, vikonyo vyake vimevimba kama sifongo, na mizizi yake huning'inia majini bila kushika tope. Yungiyungi hushika tope, na jani lake lina ufa upande mmoja. Gugu maji lisipandwe wala kusafirishwa. Atakayeliona atoe taarifa mapema kwa mtendaji wa kijiji au afisa uvuvi, kwa kuwa mche mmoja hung'olewa kwa mkono, lakini likishatanda huziba njia za mitumbwi na nyavu.

Mwisho, mayungiyungi ya asili yasifyekwe yote mabwawani. Vifaranga vya samaki hujificha chini ya majani yake. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka kingo za mito. Tukiuheshimu ukingo huo, ua hubaki, na samaki wa kitoweo hubaki pamoja nalo.