Jina Anastazia: Maana Yake na Asili Yake

Kwa Waha na ndugu zao Warundi jina la mtu si sauti tupu. Mapacha wakizaliwa, wa kwanza huitwa Bukuru na wa pili Butoyi, na mtoto awafuataye huitwa Chiza. Asikiaye jina ajua mara moja mpangilio wa nyumba ile. Majina mengine ni sentensi nzima: Harerimana, yaani Mungu ndiye aleaye, Ndayizeye, yaani namtumaini Yeye. Bassi mzazi aliyezoea majina yasemayo, akiletewa jina Anastazia kwa ajili ya binti yake, ana haki kuuliza: nalo lasema nini? Mwalimu anayejibu kwamba ni jina la Kizungu tu amemnyima mzazi huyo kitu kikubwa. Tena jibu lenyewe si sahihi, kwani jina hili lasema wazi kama majina ya Kiha yasemavyo, ila lasema kwa Kiyunani.

Neno lenyewe lina sehemu mbili. Ya kwanza ni *ana*, maana yake juu, au tena; ya pili ni *stasis*, maana yake kusimama. Zikiunganishwa twapata *anastasis*, kusimama tena, kuinuka. Wayunani walitumia kitenzi chake kwa mambo ya kila siku: mtu aliyeketi akiinuka, mgonjwa akitoka kitandani, hata mji uliobomolewa ukijengwa upya. Watu wa Kigoma wangeweza kuwapa mfano wao, meli ya Liemba, iliyozamishwa na Wadachi mwaka 1916 vitani, ikainuliwa kutoka chini ya maji mwaka 1924, ikaanza tena safari zake mwaka 1927.

Wakristo wa kwanza walilichukua neno hilo la kawaida wakalipa kazi kubwa. Katika Injili ya Marko, sura ya tano, binti wa Yairo, mwenye miaka kumi na miwili, anashikwa mkono, naye anainuka na kutembea. Kitenzi cha Kiyunani mahali pale ni hicho hicho kilichozaa jina letu. Katika sura ya kumi na moja ya Yohana, Martha anapozungumza na Bwana juu ya Lazaro, neno *anastasis* latajwa na wote wawili. Na katika Matendo ya Mitume, sura ya kumi na saba, Paulo anapohubiri Athene, wasikilizaji wengine wanadhani analeta miungu migeni, maana wamesikia habari za Yesu na za *Anastasis*. Mtakatifu Yohane Krisostomo, katika mahubiri yake juu ya kitabu hicho, aeleza kwamba Waathene walidhani *Anastasis* ni mungu wa kike. Hivyo, kabla mama Mkristo hajamwita binti yake kwa neno hili, wapagani wa Athene walikuwa wamelisikia kana kwamba ni jina la mwanamke.

Hapa yatupasa kukaa kidogo, kwa sababu mwalimu wa pwani ya ziwa ana maneno matatu mkononi, wala hayalingani. Kiswahili husema *kufufuka*. Ndani yake twasikia *kufa* na *mfu*, na mwisho wake ni ule wa *kufunguka* na *kuteguka*: kifo kimefumuliwa kama fundo. Neno hilo latazama nyuma, kaburini. Waislamu wa Ujiji husema *Kiyama*, neno la Kiarabu, na hili, ajabu yake, lafanana na Kiyunani kuliko neno letu la Kibantu; kwani mzizi wake ni kusimama, ule ule uliotupa *kaimu*, asimamaye mahali pa mwingine, na *makamu*. Siku ya Kiyama ni siku ya watu kusimama. Mwalimu anayetaka kumweleza jirani Mwislamu maana ya Anastazia hana haja ya maneno mengi. Ingawa tukumbuke kwamba *Kiyama* kwa msikilizaji huyo chaleta kwanza fikira ya hukumu, na jina la binti chaleta furaha.

Neno la tatu ndilo lenye mtego. Kirundi husema *kuzuka* kwa kufufuka, na Warundi wamekaa siku nyingi upande huu wa ziwa na upande ule. Lakini katika Kiswahili *kuzuka* ni kutokea ghafula, na *mzuka* ni pepo, kivuli cha kutisha usiku. Mwalimu akichanganya hayo mawili mbele ya darasa la watoto waliotoka pwani na watoto waliotoka Burundi, nusu watasikia habari njema na nusu watasikia habari ya mizimu. Twapendekeza kwamba katika kueleza jina hili kwa Kiswahili atumie maneno mepesi kabisa: *aliyesimama tena*. Ndiyo maana yenyewe, wala hayana mzuka ndani yake.

Mtakatifu aliyelieneza jina ni Anastasia wa Sirmium, mji uliokuwa mahali paitwapo leo Sremska Mitrovica, katika Serbia. Aliuawa kwa ajili ya imani katika dhuluma ya Kaisari Diokletiano, mwanzoni mwa karne ya nne. Wakatoliki humtaja katika Kanuni ya Kirumi, wa mwisho katika safu ya wanawake baada ya Agnesi na Sesilia. Sikukuu yake ni 25 Desemba, siku ya Noeli yenyewe. Hapo zamani alikumbukwa katika Misa ya pili, ile ya alfajiri, mpaka kalenda ilipotengenezwa upya mwaka 1969. Wakristo wa Mashariki humkumbuka tarehe 22 Desemba, nao humwita *Pharmakolytria*, yaani mwenye kufungua waliofungwa kwa sumu na dawa za uchawi. Sifa hiyo haihitaji kufafanuliwa sana katika nchi yetu.

Kuja kwake huku hakuna fumbo. Mapadre Weupe, shirika lililoanzishwa na Lavigerie mwaka 1868 huko Algiers, walifika Ujiji mwaka 1879, na mwaka 1885 wakapokea Karema, kusini zaidi kwenye ziwa hili hili. Wengi wao walikuwa Wafaransa, na katika Kifaransa *s* iliyo kati ya vokali husikika kama *z*. Ndiyo sababu twaandika Anastazia, ambapo Myunani na Mlatini waliandika *s*. Wazee wengine huongeza irabu, Anasitazia, ili konsonanti zisigongane. Yote hayo ni mageuzi ya mdomo tu. Lakini katika jambo moja ulimi wetu umerudi nyumbani kwa jina: Walatini hukazia silabi ya *sta*, bali Mswahili, kwa desturi yake ya kukazia silabi ya pili kutoka mwisho, husema Anasta*zi*a, na hapo hapo ndipo Wayunani walipoweka mkazo wao.

Limebaki jambo la kulifupisha. Binti akiitwa Tazia au Stazia hapana hasara, kwani walau kipande cha kusimama kimebaki. Akiitwa Ana, shida yaanza. Maana Ana lina asili nyingine kabisa, ni jina la Kiebrania, Hanna, lenye maana ya neema, na msimamizi wake ni mtakatifu mwingine. Nyumbani haidhuru kitu. Bali katika kitabu cha ubatizo, daftari la shule na cheti cha kuzaliwa, jina liandikwe zima, tena kwa tahajia ile ile kila mahali. Tumeona binti mmoja akiwa Anastazia katika karatasi moja, Anastasia katika ya pili, na Ana katika ya tatu; akatakiwa kuleta mashahidi wa kuthibitisha kwamba hao watatu ni mtu mmoja.