Misafara ya Aktiki: njia ya barafu iliyoilisha Urusi vitani

Kati ya Agosti 1941 na Mei 1945, meli za mizigo zipatazo 1,400 zilivuka bahari za kaskazini ya mbali zikiwa zimesheheni vifaru, ndege, mafuta na chakula kwa ajili ya Muungano wa Kisovieti. Watu wapatao 3,000 waliosafiri katika misafara hiyo hawakurudi makwao.

Wengi wa waliokuwa katika meli za mizigo hawakuwa askari. Walikuwa mabaharia wa biashara: wapishi, wachochea makaa, mafundi wa mitambo na waendesha redio, ambao kabla ya vita walibeba ngano na mbao kwa mshahara mdogo. Habari zao zinazua swali ambalo halijapitwa na wakati: nchi inaweza kumdai raia wake kiasi gani wakati wa vita, na inamlipa nini vita vinapokwisha?

Urafiki wa dhiki

Alfajiri ya Juni 22, 1941, majeshi ya Ujerumani yaliuvamia Muungano wa Kisovieti. Waziri Mkuu wa Uingereza, Winston Churchill, alikuwa mpinzani mkubwa wa ukomunisti tangu mapinduzi ya Urusi ya mwaka 1917. Hata hivyo, jioni ya siku hiyo hiyo alitangaza kwa redio kwamba nchi yake itawasaidia Warusi.

Wahenga walisema akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki. Hapa dhiki ilikuwa ya pande zote mbili. Kama Urusi ingeanguka, Adolf Hitler angeweza kuzigeuza nguvu zake zote dhidi ya Uingereza, ambayo ilikuwa imesimama karibu peke yake tangu Ufaransa iliposalimu amri mwaka 1940.

Msafara wa kwanza, uliopewa jina la siri la Dervish, uliondoka Iceland Agosti 21, 1941 na kuwasili Arkhangelsk Agosti 31. Ulikuwa wa meli chache tu, zilizobeba ndege za kivita aina ya Hurricane pamoja na mpira, bati na sufu. Hakuna meli iliyozama. Muda si mrefu Marekani nayo ikaanza kupeleka shehena kubwa chini ya sheria yake ya kuwakopesha washirika zana za vita.

Misaada hiyo haikuwa sadaka tupu. Manowari ya Uingereza, Edinburgh, ilipozama Mei 2, 1942, ilikwenda chini na mikuo 465 ya dhahabu, takriban tani nne na nusu, ambayo Moscow ilikuwa ikiipeleka kulipia vifaa. Sehemu kubwa ya dhahabu hiyo iliopolewa na wapiga mbizi mwaka 1981.

Njia tatu

Kulikuwa na njia kuu tatu za kuifikia Urusi. Ya kwanza ilipita Bahari ya Pasifiki hadi Vladivostok. Kwa kuwa Japani na Urusi hazikuwa vitani hadi Agosti 1945, meli zenye bendera ya Kisovieti ziliweza kupita huko, lakini bila silaha.

Ya pili ilizunguka Rasi ya Tumaini Jema, ikapita Bahari ya Hindi na Ghuba ya Uajemi, kisha mizigo ikasafirishwa kwa reli na malori kupitia Iran. Hiyo ilikuwa safari ya miezi, na bandari na reli za Iran zilihitaji kupanuliwa kwanza.

Ya tatu ilikuwa ya Aktiki, kutoka Iceland au Scotland hadi Murmansk na Arkhangelsk. Ilichukua muda wa wiki mbili hivi. Ilikuwa fupi kuliko zote, na ya hatari kuliko zote.

Adui wa kwanza ni baridi

Katika majira ya baridi maji yaliyorushwa na mawimbi yaliganda papo hapo juu ya sitaha, milingoti na mizinga. Barafu ilipozidi, meli ililemewa juu na ingeweza kupinduka. Kwa hiyo mabaharia walilazimika kuipasua kwa mashoka na nyundo, usiku na mchana. Aliyegusa chuma kwa mkono mtupu aliacha ngozi yake hapo. Aliyeanguka majini alikuwa na dakika chache tu za kuishi.

Majira nayo hayakutoa nafuu. Wakati wa baridi jua halichomozi kwa wiki kadhaa, na giza liliwaficha mabaharia wasionekane na ndege za adui. Lakini ni wakati huo huo ambapo barafu ya baharini husogea kusini, ikazilazimisha meli kupita karibu na Norwei, ambayo Wajerumani walikuwa wameikalia tangu mwaka 1940. Wakati wa kiangazi zilikuwa na nafasi ya kupita mbali zaidi kaskazini, lakini jua halikuzama, na marubani wa Ujerumani waliweza kushambulia saa zote 24.

Bahari yenyewe iliwasaidia wawindaji. Mahali ambapo maji ya vuguvugu kutoka Atlantiki hukutana na maji baridi ya Aktiki hutokea matabaka yanayopotosha mwangwi wa vyombo vya kutafutia nyambizi. Nyambizi iliweza kujificha chini ya tabaka hizo huku manowari ikipita juu yake bila kuitambua.

Hata kufika bandarini hakukuwa salama. Murmansk haigandi kwa barafu, lakini ilikuwa karibu sana na mstari wa mbele wa vita, na ilishambuliwa kwa mabomu mara kwa mara huku shehena ikiteremshwa.

Sheria isiyo na huruma

Nguvu ya msafara ni kwenda pamoja. Meli zilipangwa kwa safu, zikaenda kwa mwendo wa ile iliyo nzito kuliko zote, huku manowari zikizizunguka. Meli iliyopigwa haikusubiriwa. Kusimama ili kuwaokoa walio majini kulimaanisha kujigeuza shabaha ya nyambizi. Kazi hiyo iliachiwa vyombo vichache vya uokozi vilivyofuata nyuma, pale vilipokuwapo.

Ni kwa sababu hiyo kwamba jambo lililoupata msafara wa PQ 17 limebaki kuwa jeraha katika historia ya jeshi la wanamaji la Uingereza.

Amri ya kutawanyika

Msafara huo uliondoka Iceland Juni 27, 1942 ukiwa na meli 35 za mizigo, zaidi ya nusu yake zikiwa za Marekani. Mjini London, mkuu wa jeshi la wanamaji, Admirali Dudley Pound, alihofia kwamba Tirpitz, manowari kubwa kuliko zote za Ujerumani, ilikuwa imetoka mafichoni Norwei. Maofisa wake wa upelelezi hawakuona dalili za hakika kwamba imeondoka.

Usiku wa Julai 4, ndani ya muda usiozidi nusu saa, zilitumwa amri tatu fupi: manowari kubwa za ulinzi zirudi magharibi kwa kasi, na meli za mizigo zivunje safu, kisha, kwa mkazo, zitawanyike. Manowari nyingine za kusindikiza nazo ziliondoka, makamanda wao wakiamini kwamba wanakwenda kupambana na Tirpitz. Kumbe Tirpitz ilikuwa bado bandarini. Ilitoka siku iliyofuata na kurudi baada ya saa chache bila kufyatua hata risasi moja.

Meli za mizigo zikabaki kila moja na lwake. Ndege na nyambizi za Ujerumani ziliziwinda kwa siku kadhaa. Meli 24 zilizama, pamoja na mamia ya vifaru na ndege, na mabaharia 153 wa meli za biashara walipoteza maisha.

Palikuwa na waliokataa kukata tamaa. Leo Gradwell, wakili aliyekuwa akiongoza meli ndogo ya uvuvi iliyopewa silaha, Ayrshire, alizichukua meli tatu za mizigo na kuziingiza ndani kabisa ya barafu. Huko mabaharia walizipaka rangi nyeupe, wakatandaza mashuka juu ya sitaha, na kuielekeza baharini mizinga ya vifaru vilivyokuwa vimepakiwa kama shehena. Zote zilifika Arkhangelsk.

Misafara ilisimamishwa hadi Septemba. Josef Stalin, ambaye majeshi yake yalikuwa yakirudi nyuma kuelekea Stalingrad, alikasirika na kuzishuku sababu alizopewa na Churchill. Kwake yeye, washirika walikuwa wakihesabu meli wakati Warusi wakihesabu maiti.

Mizani yageuka

Baadaye misafara ilipewa ulinzi mkubwa zaidi, zikiwamo meli ndogo za kubebea ndege. Desemba 31, 1942, manowari chache za Uingereza zilizifukuza manowari kubwa zaidi za Ujerumani katika Bahari ya Barents. Hitler alighadhibika, na mkuu wake wa majeshi ya majini, Erich Raeder, akajiuzulu.

Desemba 26, 1943, manowari ya Ujerumani Scharnhorst ilizamishwa karibu na Rasi ya Kaskazini ya Norwei. Kati ya watu zaidi ya 1,900 waliokuwamo, waliookolewa ni 36 tu. Tirpitz nayo iliangamizwa kwa mabomu ya ndege karibu na Tromsø Novemba 12, 1944.

Bahari ya Hindi nayo

Vita vya misafara havikuishia kaskazini. Meli zilizopeleka vifaa Urusi kupitia Iran zilipita mbele ya pwani ya Afrika Mashariki, na mwaka 1942, baada ya Wajapani kuishambulia Ceylon, kikosi cha manowari cha Uingereza katika Bahari ya Hindi kilihamishia makao yake Kilindini, Mombasa.

Huko nako sheria ya msafara ilikuwa ile ile. Februari 12, 1944, meli Khedive Ismail, iliyokuwa katika msafara kutoka Mombasa kwenda Colombo, ilipigwa na nyambizi ya Japani karibu na visiwa vya Maldives. Watu wapatao 1,300 walikufa, wakiwamo mamia ya askari wa mizinga kutoka Afrika Mashariki. Manowari za ulinzi ziliishambulia nyambizi hiyo kwa mabomu ya majini huku manusura wakiwa bado wanaelea.

Deni la kumbukumbu

Je, gharama ilikuwa na faida? Njia ya Aktiki ilipitisha karibu tani milioni nne za shehena, yaani takriban robo ya misaada yote iliyofika Urusi. Zaidi ya meli 80 za mizigo na manowari 16 za Uingereza zilizama, lakini zaidi ya sehemu tisa kati ya kumi za mizigo zilifika. Wanahistoria wengi wanakubali kwamba Jeshi Jekundu ndilo lililobeba mzigo mkubwa wa kuishinda Ujerumani. Lakini vifaa vya mwanzo vilifika wakati viwanda vya Urusi vilikuwa vikihamishiwa mashariki, na kila kifaru kilikuwa na thamani.

Baada ya 1945, washirika waligeuka mahasimu. Moscow haikupenda kuzungumzia sana msaada wa mabepari, na London haikuwa na haraka ya kuwatukuza waliowalisha Wakomunisti. Uingereza ilianza kutoa nishani maalumu ya Nyota ya Aktiki mwaka 2013, miaka 68 baada ya vita, wakati wengi waliostahili walikuwa wamekwisha kufa. Mwaka mmoja kabla, serikali hiyo hiyo ilikuwa imewazuia wazee hao kupokea nishani ya Urusi ya Ushakov, kabla ya kulegeza msimamo wake.

Tangu Urusi ilipoivamia Ukraine mwaka 2022, uhusiano wa nchi hizo mbili umezorota mno, na kumbukumbu ya misafara imekuwa tena jambo gumu kulizungumzia kwa pamoja. Mabaharia waliozikwa Murmansk na Arkhangelsk hawakupelekwa huko na mapenzi kwa Stalin wala chuki dhidi yake. Walipewa shehena na bandari ya kuifikisha, nao wakaondoka.