Karanga Bila Nyama: Jinsi ya Kuipika Ishibishe na Kujenga Damu

Ukiagiza karanga katika hoteli za Naivasha, huulizwi ni karanga ya nini. Ni nyama ya ng'ombe iliyokaangwa kwa vitunguu na nyanya, ikaachwa itokote na viazi hadi mchuzi uwe mzito. Nyumbani hali ni tofauti. Katika mtaa wa Kihoto, kando ya Ziwa Naivasha, ambako wakazi wengi hutegemea mashamba ya maua na vibarua vya mjini, robo kilo ya nyama inaweza kulazimika kulisha nyumba nzima. Ikigawiwa watu 6, kila mmoja hupata kama gramu 40, mfupa ukiwemo.

Sufuria hiyo hiyo inaweza kupikwa kwa maharagwe. Vikombe 2 vya maharagwe makavu, ambavyo ni karibu gramu 400, huwapa watu hao 6 takriban gramu 14 za protini kila mmoja. Robo kilo ya nyama huwapa kama gramu 8. Kwa hivyo protini si tatizo, hasa maharagwe yakiliwa na ugali au chapati, kwa maana nafaka hujaliza kile ambacho maharagwe yamepungukiwa. Matatizo ni mawili: ladha, kwa sababu wengi huondoa nyama na kubaki na mchuzi mwembamba wa nyanya; na madini ya chuma, kwani yale ya maharagwe hayaingii mwilini kwa urahisi kama ya nyama.

Wala chakula hiki si kigeni. Wanawake waliotoka kujifungua wamepikiwa njahi tangu zamani, na ndengu kwa chapati ni mlo wa kawaida wa hotelini. Anayenunua mbegu za kupanda anaweza pia kuulizia maharagwe ya Nyota, aina iliyotolewa na shirika la utafiti wa kilimo na mifugo, KALRO, ambayo imezalishwa iwe na chuma na zinki kwa wingi.

Chagua maharagwe makavu yasiyo na ukungu. Katika mtaa ambao maji ya ziwa yamewahi kuingia majumbani, ni vyema kuyaweka kwenye ndoo yenye kifuniko, juu ya meza au rafu. Yaliyolowa na kuota ukungu yatupwe, hata kama ni gorogoro nzima.

Yaloweke usiku kucha, mwaga maji hayo, kisha uyachemshe kwa maji mapya. Kuloweka hupunguza gesi tumboni, muda wa kupika na makaa. Pia huondoa sehemu ya kemikali za asili zinazozuia chuma kuingia mwilini. Maharagwe, hasa mekundu, yana sumu ya asili inayoleta kutapika na kuhara yasipoiva. Moto mkali ndio unaoiharibu, kwa hivyo ni lazima yatokote kwa nguvu kwa dakika 10 au zaidi mwanzoni. Wanaotumia kikapu cha kuhifadhi joto ili kuokoa makaa wasiruke hatua hii. Ukiweka sufuria kikapuni kabla haijatokota vya kutosha, maharagwe yanaweza kulainika huku sumu ikiwa bado imo. Magadi hulainisha haraka, ni kweli, lakini huharibu vitamini B1. Aliyeloweka hayahitaji.

Sasa ladha. Siri ya karanga ni kukaanga, na hapo ndipo wengi huharakisha. Kaanga vitunguu 2 katika vijiko 3 vya mafuta hadi vigeuke rangi ya kahawia, si kulainika tu. Tia kitunguu saumu na tangawizi iliyopondwa, kisha nyanya 4, na uziache ziive hadi mafuta yajitenge. Mimina maharagwe yaliyochujwa maji na uyakaange humo kwa dakika 5 hivi, kama ambavyo ungekaanga nyama, yashike rangi na viungo. Ponda upawa mmoja wa maharagwe kwa mwiko. Hayo ndiyo yatakayofanya mchuzi uwe mzito. Ongeza viazi 3 na karoti 2 zilizokatwakatwa, rudisha maji yaliyochemshia maharagwe na ufunike hadi viazi viive. Hoho na dania huingia mwishoni.

Anayetamani kitu cha kutafuna anaweza kutumia vipande vya soya. Hulowekwa kwa maji moto, vikakamuliwa sawasawa na kukaangwa kabla ya kutiwa mchuzini. Visipokamuliwa, huwa kama sponji. Baadhi huuzwa vikiwa na chumvi tayari, kwa hivyo soma pakiti kabla ya kuongeza yako au kiungo cha mchuzi. Uyoga wa kupandwa nao hukoleza ladha vizuri. Ule unaochipuka wenyewe baada ya mvua uachwe.

Kuhusu chuma, kuna jambo moja la kuongeza na moja la kuahirisha. La kuongeza ni vitamini C: kamulia ndimu sahanini, kula kachumbari kando, au malizia kwa chungwa au pera. Vitamini hiyo husaidia mwili kuchukua chuma cha maharagwe. La kuahirisha ni chai. Kunywa chai pamoja na chakula hupunguza chuma kinachofika kwenye damu; ingoje saa moja baada ya mlo. Kahawa ni vivyo hivyo.

Wajawazito wasichukulie sufuria hii kuwa badala ya tembe za kliniki. Tembe zinazotolewa kila siku huwa na miligramu 60 za chuma na mikrogramu 400 za asidi ya foliki, kiasi ambacho ni vigumu kupata kwa chakula pekee. Nazo zisimezwe kwa chai. Mtoto aliyetimiza miezi 6 anaweza kupondewa maharagwe na viazi vyake kabla ya chumvi na pilipili kutiwa.

Vitamini B12 haimo katika maharagwe wala mboga. Mayai, maziwa au omena mara kadhaa kwa wiki huziba pengo hilo. Asiyekula chochote kitokacho kwa mnyama aulize afisa wa lishe katika kituo cha afya kuhusu tembe au vyakula vilivyoongezwa vitamini hiyo.

Kiporo cha kubeba kazini kihifadhiwe mahali penye baridi usiku, na asubuhi kichemshwe hadi kitokote kabla ya kutiwa kwenye kontena. Kikianza kutoa povu au harufu kali, kimwagwe.